Daftari la Wiki: Schygulla bila Fassbinder

Akitajwa mwigizaji Mjerumani Hanna Schygulla, jina la mwongozaji wa filamu Rainer Werner Fassbinder halikawii kufuata, kana kwamba mwongozaji ndiye aliyemfinyanga na yeye alikuwa udongo tu. Sikubaliani na hesabu hiyo. Ni kweli walikutana wakiwa vijana katika shule ya uigizaji mjini Munich, na filamu zake zinazokumbukwa zaidi ni za Fassbinder. Lakini walikorofishana wakati wa kutengeneza Effi Briest, iliyotoka mwaka 1974, na miaka kadhaa ikapita bila kufanya kazi pamoja. Katika kipindi hicho aliigiza kwa Wim Wenders. Aliporudi ndipo ikapatikana Ndoa ya Maria Braun, iliyompa tuzo ya Dubu wa Fedha mjini Berlin mwaka 1979. Mtazame mwishoni mwa filamu hiyo: redio inatangaza fainali ya Kombe la Dunia ya 1954, Ujerumani Magharibi na Hungaria, naye anawasha sigara kwenye jiko la gesi huku uso wake hauombi huruma ya mtu yeyote. Mwongozaji hupanga redio, jiko na kamera. Uso ule ni kazi ya mwigizaji.

Televisheni nayo hudharauliwa bure katika habari zake. Mwaka 1972 kituo cha WDR kilianza kurusha Acht Stunden sind kein Tag, tamthilia ya wafanyakazi wa Köln, ambamo Schygulla ni Marion, mwajiriwa wa idara ya matangazo madogo ya gazeti anayempenda fundi wa kiwandani. Hapo hakuna mapambo ya kujificha nyuma yake. Kuna mazungumzo ya mezani, kodi ya nyumba, ugomvi wa kazini. Katika Berlin Alexanderplatz ya 1980, yenye sehemu 14, yeye ni Eva, anayekuja na kutoweka, na kila anaporudi inambidi amfanye mtazamaji amwamini upya. Hiyo ni kazi ngumu kuliko kubeba filamu nzima.

Mtu atasema: hizo zote ni za Fassbinder, na sifa yake ndiyo iliyomfungulia milango mingine. Ilimfungulia, sibishi. Fassbinder alifariki Juni 1982, na mwaka uliofuata Schygulla akatwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kule Cannes kwa filamu ya Marco Ferreri, Mwitaliano. Bado yawezekana kusema huo ulikuwa mwangwi wa sifa ya zamani. Lakini mwaka 2007 Fatih Akin, aliyezaliwa Hamburg kwa wazazi Waturuki, alimpa nafasi ya Susanne, mama Mjerumani aliyefiwa na binti yake mjini Istanbul. Katika chumba cha hoteli kamera inakaa mbali, haimsogelei, naye analia mpaka mwili unamshinda. Kile ambacho Maria Braun alikizuia, Susanne anakiachilia chote, tena kwa mwongozaji aliyekuwa bado mtoto wakati Fassbinder anazikwa.