Pikapu ya Dizeli Isije Ikala Shamba Lako

Mkulima mwenzangu, kila mwaka viazi vikisha kuvunwa na fedha zikisha kuingia, dalali wa magari huja. Huja jioni, ndani ya pikapu iliyooshwa ikang'aa, na kabla hajamaliza chai yako amekwisha kukuambia ya kuwa mtu mwenye shamba kama lako si wa kungojea gari la kukodi njiani. Maneno hayo ni matamu. Mimi pia niliambiwa, nikayaamini, na baadaye nitakueleza yaliyonipata. Lakini kwanza na tufanye hesabu, maana dalali hakuja kuifanya.

Chukua mkulima wa Kinangop au Ol Kalou aliyepanda ekari 2 za viazi. Tuseme anavuna magunia 60 kwa kila ekari, mara mbili kwa mwaka. Hayo ni magunia 240. Kwa kanuni za viazi za mwaka 2019 gunia ni la kilo 50, wala si lumbesa. Basi pikapu ya tani moja yabeba magunia 20, na kazi yote ya viazi kwa mwaka mzima ni safari 12. Soma tena: safari 12. Siku nyingine 353 gari limesimama chini ya mti, kuku wakilala ndani yake.

Tuseme mwenye gari la kukodi anakutoza shilingi 150 kwa gunia. Kwa mwaka umempa shilingi 36,000, nawe unanung'unika. Sasa tazama gari lako mwenyewe. Bima ni lazima kwa sheria, Sura ya 405, hata kama gari halitoki nje ya lango ila mara moja kwa mwezi. Ukaguzi wa kila mwaka ni lazima kwa gari la mizigo, na pikapu ni gari la mizigo. Na iko kodi ya mapema inayolipwa kwa magari ya namna hiyo. Tairi huzeeka kwa jua kama zinavyozeeka kwa safari. Betri hufa kwa kukaa. Chukua kalamu, uulize bei za mji wako, ujumlishe hayo yote bila kutia hata lita moja ya dizeli. Kisha ujumlishe na fedha ulizonunulia gari, ambazo zingaliweza kuwa ng'ombe wawili wa gredi wenye kukamuliwa kila siku.

Sisemi mkulima asiwe na pikapu. Nasema pikapu ni kama ng'ombe: hula hata siku asiyotoa maziwa. Kwa hiyo swali la kwanza si gari gani, wala bei gani. Swali ni hili: litafanya kazi siku ngapi kwa wiki?

Na hapa ndipo viazi vinaposhindwa na maziwa. Mzigo wa msimu haulishi gari. Mzigo wa kila asubuhi ndio unaolilisha. Pikapu ya tani moja yaweza kubeba mitungi 15 ya lita 50, nayo ni lita 750, ambazo pamoja na uzito wa mitungi yenyewe hukaribia tani. Ikiwa wewe na majirani wa barabara yenu mnatoa maziwa kiasi hicho, na kituo cha kupozea kiko mbali, basi gari lina kazi siku 365. Viazi, kabichi, majani ya ng'ombe na mbolea vitakuwa kazi yake ya mchana. Ikiwa maziwa ya barabara yenu ni lita 150, pikipiki inatosha, na aliyekuambia vingine anataka kuuza gari.

Wako watu wanaonunua gari pamoja, watu wanne au watano. Mimi naliona jambo hilo kuwa jema, nami najua limevunja ujirani mahali pengi. Halivunjwi na gari. Huvunjwa na maneno yasiyoandikwa. Kabla ya kutoa shilingi moja, kaeni mwandike: nani dereva na mshahara wake ni kiasi gani, tairi zitanunuliwa kwa fedha zipi, mmoja akitaka kujitoa atalipwa nini, na logbuku itakuwa kwa jina la nani. Kila safari iandikwe kitabuni, hata ya mwenzenu anayempeleka mama yake hospitali. Msione haya kuandika.

Kisha kuna jambo ambalo wengi hulijua baada ya ajali. Bima ya gari linalobeba mali ya mwenyewe si sawa na bima ya gari linalobeba mizigo ya watu kwa malipo. Ukichukua ile ya kwanza kwa kuwa ni rahisi, kisha ukabeba maziwa ya jirani kwa fedha, kampuni ya bima ikigundua yaweza kukataa kulipa. Mweleze wakala kazi yenyewe ilivyo, naye aiandike. Na nyuma ya pikapu pasipande watu, hata wavunaji wako, hata kwa mwendo wa nusu maili.

Basi tuseme hesabu yako imekubali. Sasa tutazame injini.

Injini ya dizeli haina plagi za kutoa cheche kama ile ya petroli. Huvuta hewa, ikaibana kiasi cha mara 20 hata ikawa ya moto sana, ndipo dizeli ikarushwa ndani na kuwaka yenyewe. Ndiyo kazi aliyoianza Rudolf Diesel wa Ujerumani, na injini yake ilifanya kazi vizuri mwaka 1897. Kwa mkulima maana yake ni hii: nguvu yote ya dizeli imo katika kubana hewa. Injini iliyochakaa haibani vizuri, na isiyobana vizuri haiwaki asubuhi ya baridi.

Kuna pikapu za dizeli za namna mbili. Za zamani, kama Toyota Hilux za injini ya 2L na Isuzu za injini ya 4JA1, zina pampu ya dizeli ya kawaida na nozeli ambazo fundi wa mji mdogo anazijua. Hazina mbio, zina kelele, na kwenye mlima utapitwa na kila mtu. Magari mengi yaliyotengenezwa tangu katikati ya miaka ya 2000 yana pampu ya msukumo mkubwa mno, zaidi ya mara 1,000 ya msukumo wa hewa, na kompyuta inayoamuru kila nozeli. Hizo zina nguvu na hutumia dizeli vizuri. Lakini hazisamehe uchafu. Maji kidogo ndani ya tangi, au dizeli iliyochanganywa na mafuta ya taa, huharibu pampu na nozeli, na bei yake yaweza kukuliza. Mchanganyiko huo si hadithi. Mwaka 2018 Serikali iliongeza ushuru wa mafuta ya taa kwa sababu ya watu waliokuwa wakiyatia katika dizeli. Mafuta ya taa hayalainishi pampu kama dizeli, na pampu hulainishwa na hicho inachosukuma.

Tena, kwa kanuni ya Kenya gari lililotumika haliruhusiwi kuingia nchini likiwa limepita umri wa miaka 8. Kwa hiyo pikapu inayotoka melini leo ni ya namna ya pili, na ile ya zamani iliyo rahisi kutengeneza utaipata hapa hapa nchini, imekwisha kupita mikono minne au mitano. Mimi, kwa barabara zetu na mafundi wetu, ningechagua ya zamani iliyotunzwa. Wengine watanibishia, nao wana haki yao. Lakini waulize nozeli moja ya gari lao ni bei gani.

Sasa yaliyonipata. Nilifika kwa mwenye gari saa nne asubuhi. Alikuwa mtu mpole, akanipa ufunguo mwenyewe, nami nikawasha. Likawaka mara moja. Nikafurahi kama mtoto, nikalipa. Sikugusa boneti. Ningaliigusa ningaliona ina joto, kwa maana alikuwa ameliendesha kabla sijafika. Kesho yake nyumbani, kwenye baridi yetu, lilitetemeka na kutoa moshi mweupe kwa muda mrefu kabla ya kushika. Wiki ya tatu, nikiwa na kabichi nyuma na mlima mbele, maji yakachemka. Fundi akafungua, akanionyesha silinda hedi imepasuka. Niliuza mtamba kulitengeneza. Mtamba yule alikuwa na mimba.

Basi wewe nenda alfajiri. Mwambie mwenye gari mapema asiliwashe, na ukifika weka mkono juu ya injini kabla ya salamu kuwa ndefu. Ikiwa ina joto, kunywa chai urudi nyumbani, uje siku nyingine. Ikiwa baridi, fungua rejeta utazame maji: yakiwa na mafuta juu, au oili kwenye kijiti cha kupimia ikiwa nyeupe kama maziwa, hapo maji na oili vimekutana, nawe huna haja ya kuendelea. Usifungue rejeta yenye moto. Watu wameungua uso kwa kufanya hivyo.

Washa, kisha simama nyuma ya gari. Moshi mweupe kidogo asubuhi ya baridi ambao unakwisha upesi si kitu. Ukiendelea, dizeli haiwaki vizuri au maji yanaingia. Moshi wa buluu ni oili inayoungua, na hiyo ni injini iliyochoka. Moshi mweusi ni dizeli nyingi kuliko hewa. Hapa uwe mwenye haki: Kinangop iko juu, zaidi ya meta 2,400, na hewa ni nyepesi, kwa hiyo injini isiyo na turbo hutoa weusi kidogo ikipanda mlima hata ikiwa nzima. Weusi mwingi gari likiwa limesimama ni jambo jingine. Kisha fungua kifuniko cha oili injini ikiwa inanguruma. Mvuke hafifu usikutishe. Hewa ikitoka kwa nguvu kama pumzi ya mtu aliyekimbia, mbano unavujia chini, na dawa yake ni kufungua injini yote.

Usiiamini saa ya kuhesabu kilomita. Hurudishwa nyuma. Tazama pedeli ya klachi, usukani na kiti cha dereva: gari la kilomita 90,000 halina pedeli iliyolika hata chuma kikaonekana. Lala chini, hata kama umevaa koti la kanisani, utazame chesi toka mbele hadi nyuma. Palipochomelewa, uliza kwa nini. Gari lililobeba lumbesa miaka 10 huvunjika mgongo mahali ambapo sanduku la mizigo linakutana na kabini. Uliza pia kama injini ina mkanda wa ndani, na ulibadilishwa lini. Kwa injini nyingi ni kila kilomita 100,000, na ukikatika njiani vali hupiga pistoni. Asiyejua jibu, hesabu ya kuwa haukubadilishwa, na upunguze bei.

Karatasi zitazame kabla ya fedha. Nambari ya chesi na ya injini uzisome juu ya chuma chenyewe, si juu ya karatasi, kisha ulinganishe na logbuku. Habari za mwenye gari hutafutwa kwa mamlaka ya usafiri, NTSA, kwa ada ndogo, na huko utaona kama jina la benki limeungana na la mwenye gari. Likiwapo, gari bado ni la benki. Usikubali kukaa na gari lenye jina la mtu mwingine kwa ahadi ya "tutabadilisha baadaye". Deni lake na ajali yake vitakufuata.

Limebaki jambo lililonifanya nishike kalamu. Siku hizi wako wakulima wa makao yetu wanaopeleka hati ya shamba kwa mkopeshaji ili wapate pikapu. Kumbuka mashamba haya yalivyopatikana. Mpango wa ekari milioni ulianza mwaka 1962, na wazee wetu walipewa miaka 30 kulipa mkopo wa ardhi. Wako waliolipa kwa pareto, kwa maziwa, kwa kuuza mpaka mabati, ili hati iletwe nyumbani. Pikapu iliyotumika haifiki hata nusu ya miaka hiyo. Ukishindwa kulipa, mkopeshaji hatachukua chuma kilichopasuka silinda hedi, atachukua ekari.

Ukitaka kukopa kwa ajili ya gari, gari lenyewe liwe ndiyo dhamana. Mkopeshaji akikataa kulipokea, amekwisha kukuambia thamani yake. Na ikiwa bado wang'ang'ania hati, fahamu ya kuwa shamba la kilimo haliwekwi rehani bila kibali cha bodi ya kusimamia ardhi, na penye nyumba ya ndoa sheria ya ardhi ya mwaka 2012 yataka sahihi ya mwenzako. Mama watoto akikataa kutia sahihi, usimkasirikie mbele ya dalali. Mpe karatasi ile ya hesabu, naye ahesabu safari.

Dalali akirudi wiki ijayo, mpe chai yake. Kisha mwambie utafika kwake saa kumi na mbili asubuhi, pamoja na fundi wako, na ufunguo usiguswe mpaka mfike.