Wafasiri wa Sinema Watolewe Uchochoroni

Apitaye Kariakoo, iwe Mtaa wa Msimbazi, Kongo au Aggrey, hakosi kusikia sauti ya mtu anayesimulia vita kwa Kiswahili. Akigeuka atamwona kijana ndani ya fremu yake, kompyuta mbele, anamjazia mteja sinema kwenye flashi. Kwenye kioo kuna jeshi la Kihindi lililovaa deraya, tembo wanapiga kelele, na mwana wa mfalme anapigania kiti cha babake. Lakini sauti inayotoka ni ya mtu wa Dar es Salaam, anayewajulisha mchukuzi, mama lishe na fundi cherehani nani amemsaliti nani, na kwa nini.

Wako waungwana wanaoicheka kazi hii. Husema ni kelele za vijana wasiosoma. Sisi twasema kicheko hicho ni masalio ya kasumba. Mtu akisoma maandishi ya Kiingereza chini ya picha ataitwa msomi, lakini akielezwa habari ile ile kwa lugha ya taifa lake ataitwa mshamba. Tangu lini mwenye nyumba akaona haya kusema lugha yake ndani ya nyumba yake mwenyewe?

Wazee wetu walipenda sinema kabla hatujazaliwa. Walijaa katika Empire, Avalon, Odeon, Empress na New Chox, na tangu mwaka 1966 wenye magari wakaenda Drive-in. Sinema za Kihindi zilipendwa hata na watu wasiojua neno moja la Kihindi. Walilia pamoja na Raj Kapoor katika Awaara ya mwaka 1951, na nyimbo zake wakaziimba njiani wakirudi nyumbani. Hata hivyo mengi yaliwapita, kwa maana machozi hayahitaji mkalimani, lakini maneno yanamhitaji.

Video zilipoingia miaka ya 1980 na mabanda yakaota kila mtaa, yale ambayo vijana wameyapa jina la banda umiza, mkalimani alipatikana. Kapteni Derek Gaspar Mukandala, ambaye watazamaji walimjua zaidi kwa jina la Lufufu, alisimulia sinema za nje kwa Kiswahili mbele ya watu, kisha sauti yake ikatiwa kwenye kanda na kusambaa nchini. Wakafuata wengine, miongoni mwao DJ Mark. Kenya wakapata DJ Afro, na Kampala VJ Jingo akafanya kazi hiyo hiyo kwa Kiganda. Hakuna serikali iliyowatuma wala chuo kilichowafundisha. Waliona watu wana njaa ya kuelewa, nao wakaipika chakula waliyokuwa na uwezo nayo.

Sasa tuwatazame wenzetu Watamil wa kusini mwa India. Mwaka 1965 waliingia barabarani kupinga Kihindi kufanywa lugha pekee ya serikali ya India nzima. Hawakutaka lugha yao iwe ya jikoni tu. Matunda yake yanaonekana hata katika sinema. Baahubali, ile hadithi kubwa ya wafalme na vita iliyotoka mwaka 2015 kwa mkono wa S. S. Rajamouli, ilipigwa picha kwa Kitelugu na Kitamil kwa pamoja, kisha ikatiwa sauti za Kihindi na Kimalayalam. Sinema kubwa za Marekani nazo, zile za mazimwi, wachawi na mapanga ya ajabu, hufika Chennai zikiwa na sauti ya Kitamil. Kazi hiyo hufanywa studio na watu wanaolipwa kwa sauti zao. Mkulima wa Madurai aingiapo sinema haulizwi kama amesoma Kiingereza.

Wasemaji wa Kitamil hawafiki nusu ya wasemaji wa Kiswahili, ambao kwa hesabu ya UNESCO wapita milioni 200. Ikiwa wao wanahudumiwa kwa heshima, sisi kwa nini tuhudumiwe kwa kificho?

Na jambo hili ni la nchi, wala tusilifanye dogo. Kutoka fremu zile za Kariakoo hadi Mtaa wa Lumumba ni mwendo wa dakika chache kwa miguu. Hapo, tarehe 7 Julai, 1954, ndipo TANU ilipozaliwa, na kwa Kiswahili ikawaunganisha watu wa makabila zaidi ya mia. Dunia imeikubali tarehe hiyo hiyo kuwa Siku ya Kiswahili, kwa azimio la UNESCO la mwaka 2021. Rashidi Mfaume Kawawa, kabla ya kuwa Waziri Mkuu mwaka 1962, alikuwa mchezaji wa sinema. Ndiye aliyeigiza katika Muhogo Mchungu. Mwaka 1967 akiwa Makamu wa Pili wa Rais, ni yeye aliyetoa agizo kwamba shughuli za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Naye Mwalimu Nyerere, pamoja na mzigo wote wa kuongoza nchi, alipata wasaa wa kumfasiri Shakespeare: Julius Caesar mwaka 1963, na Mabepari wa Venisi mwaka 1969. Alitaka kuonyesha kwamba hakuna wazo, hata liwe kubwa namna gani, lisiloweza kuvaa kanzu ya Kiswahili. Kijana wa Kariakoo anashika uzi ule ule, ingawa sindano yake ni butu.

Lakini hatuwezi kumficha mwananchi ukweli. Shakespeare amekufa zaidi ya miaka 400 na kitabu chake hakina mwenyewe wa kudai. Sinema ya juzi ina mwenyewe. Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka 1999 yampa mwenye kazi haki ya kuamua nani aitafsiri. Afasiriye bila ruhusa amevunja sheria, hata kama nia yake ni njema. Tena waigizaji wetu wenyewe waliandamana Kariakoo mwaka 2017, wakilalamika kwamba sinema za nje zisizolipiwa kodi zinauzwa kwa bei ya kutupa na kuwaulia soko. Malalamiko yao yalikuwa ya haki. Mtu aliyelipia stempu ya kodi hawezi kushindana na asiyelipa chochote.

Je, dawa ni kuwafukuza vijana hawa na kutaifisha kompyuta zao? La hasha! Ukimfukuza mfasiri hujaiondoa sinema ya kigeni. Itabaki, nayo itasema Kiingereza. Mwizi hatakuwa amepungua hata mmoja, ila mwananchi atakuwa amepunguziwa uelewa.

Njia ya halali ipo, tena imekwisha kupitwa. Mwaka 2011 televisheni ya taifa ilionyesha mchezo wa Kichina wa Mao Doudou na wakwe zake, ukiwa na sauti za Kiswahili, na nchi nzima ikaufuata. Mwaka 2016 kampuni ya StarTimes ilishindanisha sauti hapa Dar es Salaam, na washindi wakapelekwa Beijing kufanya kazi hiyo kwa mshahara. Azam nao wametuletea Sultan kutoka Uturuki kwa Kiswahili. Yote hayo ni mema, lakini ni ya makampuni makubwa. Aliyeianza kazi hii kibandani kwa kipaza sauti cha kuazima bado yuko nje ya mlango.

Kwa hiyo twasema wazi. Wafasiri wa Kariakoo na waunde ushirika wao. Ushirika huo, ukisaidiwa na COSOTA, uzungumze na wenye sinema na kununua ruhusa kwa pamoja, kwa kuwa bei ambayo mmoja haimudu, mia wataimudu. Bodi ya Filamu iwaandikishe. BAKITA iwape mafunzo na cheti, maana si siri kwamba wako wanaojaza matusi mahali pa maana, au kumzulia mtazamaji hadithi isiyokuwamo. Kila nakala iwe na stempu yake, ili mwigizaji wetu naye apumue.

Na sehemu ya mapato itengwe kwa jambo moja. Pwani yetu ina shujaa asiyepungukiwa na Baahubali kwa lolote: Fumo Liyongo, ambaye Muhammad Kijumwa aliuandika utenzi wake mwaka 1913, jitu lililosalitiwa na mwanawe kwa sindano ya shaba kitovuni. Mpaka lini watoto wetu watawajua wafalme wa watu wote isipokuwa wa kwao? Sauti tunazo, na hadithi tunazo. Siku Liyongo atakapopanda kwenye kioo, Watamil nao watuombe ruhusa ya kumfasiri.