Muguka: Kabla ya kuniambia asilimia, niambie umehesabu nani

Ukishuka matatu pale Runyenjes, kwenye barabara ya Embu kwenda Meru, chokoza stori ya muguka kwenye steji ya bodaboda halafu usikilize. Utaambiwa watu wa Pwani wanatuonea wivu. Sasa mpigie beshte yako wa Mombasa, umuulize hilo hilo. Atakuambia watu wa Embu wanawaharibia vijana. Kila upande una hesabu zake, na kwa maoni yangu kila upande umehesabu nusu.

Unakumbuka Mei 2024. Gavana wa Mombasa, Abdulswamad Nassir, alipiga marufuku muguka, Kilifi na Taita Taveta zikafuata. Huku Embu, hasa upande wa Mbeere, muguka ndio karo, ndio unga. Rais William Ruto akasema marufuku hiyo ni batili kwa sababu sheria ya kitaifa inautambua muguka kama zao, na Mahakama Kuu ya Embu ikaisimamisha kwa muda. Mabishano hayakuisha. Hoja moja bado inarudiwa: nenda kwenye vituo vya kurekebisha waraibu, utakuta wengi waliomo walikuwa wakitafuna muguka.

Hebu tuikubali hoja hiyo kama ilivyo, tuihesabu kwa vidole. Nambari hizi ni za mfano tu. Chukua mtaa wenye vijana 1,000. Vijana 20 wako kituoni, na 16 kati ya hao 20 ni watafunaji. Hiyo ni asilimia 80. Inatisha, si ndiyo? Wengi wakisikia 80 wanaelewa kwamba ukitafuna, basi uko na nafasi 80 kwa 100 ya kuishia kituoni.

Sivyo. Hapo tumewahesabu walio kituoni, tukauliza wangapi wanatafuna. Swali la mzazi ni lingine: kati ya wanaotafuna, wangapi huishia kituoni? Madereva wengi wa matatu ni wanaume, lakini wanaume wengi si madereva wa matatu. Ukigeuza sentensi, umegeuza na jibu.

Ili kujibu swali la mzazi unahitaji nambari moja ambayo hakuna anayeitaja: mtaa mzima una watafunaji wangapi? Tuseme ni 800. Basi 16 kati ya 800 ni wawili kwa kila 100. Wasiotafuna ni 200, na wanne wao wako kituoni. Hao pia ni wawili kwa kila 100. Sawasawa kabisa! Katika mtaa huo, ile asilimia 80 inakuambia tu kwamba muguka unapendwa.

Wa kwetu, msishangilie bado. Tuseme watafunaji ni 400 tu. Sasa 16 kati ya 400 ni wanne kwa kila 100. Wasiotafuna ni 600, na waliofika kituoni ni wale wale wanne, yaani hata mmoja kwa 100 hafiki. Hapo mtafunaji yuko kwenye hatari mara sita ya mwenzake. Kituo ni kile kile, asilimia ni ile ile 80, na habari imegeuka kabisa.

Ripoti ya NACADA ya mwaka 2022 ilisema Wakenya 964,737 wa miaka 15 hadi 65 hutumia miraa, karibu mtu 1 kati ya 28. Hiyo ni nchi nzima, na haisemi lolote kuhusu mtaa mmoja wa Likoni au Kisauni.

Halafu kuna ile ya steji: "Babu yangu ametafuna miaka 40 na bado analima." Sawa, huyo ni mmoja. Aliyeharibikiwa hayuko hapo stejini kukupa stori yake.

Na hata ukipata ile mara sita, kuna kazi imebaki. Kati ya wale 16, wangapi walikuwa wakivuta bangi pia, au kunywa chang'aa? Watenge mafungu manne: muguka peke yake, muguka na vingine, vingine bila muguka, na wasiogusa chochote. Fungu la muguka peke yake likilingana na la wasiogusa chochote, mkulima amesingiziwa. Likizidi, mkulima ana maneno ya kusikiliza.

Viongozi wetu walijitetea kwa sheria na kwa mapato. Mama wa Kisauni ambaye mtoto wake halali usiku hajauliza kuhusu mapato. Ningekuwa mkulima wa muguka, ningekuwa wa kwanza kudai watu wahesabiwe huko Pwani, walio kituoni na walio nje, kwa sababu marufuku ikirudi, itarudi na ile ile asilimia 80, na tutakuwa hatuna cha kujibu isipokuwa babu.