Coco Jamboo Muicheze, Yetu Muikataze?

Kuna jambo limetuchosha na leo tunalisema wazi. Huku Kasese na Bwera, kila tukichanganya reggae, rap na Kiswahili chetu, hakosekani mkubwa wa kutuambia: "Hiyo si utamaduni yenu." Lakini DJ akiweka Coco Jamboo kwenye harusi, mkubwa huyo huyo ndiye wa kwanza kusimama. Tai analegeza, mikono juu. Sisi tunamwangalia tu.

Sasa tuongee juu ya hiyo Coco Jamboo, maana wengi wanaicheza bila kujua imetengenezwa na nini.

Ilitoka mwaka 1996. Walioimba ni kundi la Mr. President, kutoka Bremen, Ujerumani. Ule mdundo wa kuyumba ni reggae, mali ya Jamaika. Lazy Dee, yule anayechana katikati, anachana kwa mtindo uliozaliwa kwa vijana Weusi wa New York. Vinanda na ngoma za mashine ni disko ya Ulaya ya miaka ile. Na jina lenyewe halina maana yoyote. "Jamboo" inafanana na "jambo" yetu, salamu tunayopeana kila asubuhi kuanzia Beni mpaka Goma, lakini hatudai kwamba tumeibiwa. Tunachosema ni hiki: watu walichukua vitu vya huku na kule, wakavipika chungu kimoja, na mwaka 1997 wimbo ukafika nafasi ya 8 Uingereza na ya 21 Marekani. Kwani nani aliwaambia, "Nyinyi Wajerumani, rudini kwanza kwenye ngoma za babu zenu"? Hakuna.

Kabla yao alikuwepo Dr. Alban. Mnigeria, alienda Uswidi kusomea udaktari wa meno, akawa DJ huko Stockholm. Mwaka 1990 akatoa Hello Afrika, mwaka 1992 It's My Life. Rap yake ina ragga ndani, na chini yake ni disko ya Ulaya. Hakuwa mkimbizi, lakini alikuwa ugenini kama sisi, na alitumia alichokikuta pamoja na alichotoka nacho. Alibaki Mnigeria. Hakuna aliyemnyang'anya kabila lake kwa sababu ya mdundo.

Wengine wanasema: "Acheni mambo ya Ulaya, sisi Wakongo tuna rumba." Vizuri sana, tuiongelee hiyo rumba. Mizizi yake ilivuka bahari na watumwa mpaka Kuba. Ikarudi Léopoldville kwenye santuri, wazee wakaisikia, wakashika magitaa, wakaweka Lingala juu yake. Desemba 2021 UNESCO ikaiandika kuwa urithi wa Kongo zote mbili. Tunaijivunia. Ila mutujibu, wazee wetu: babu akichanganya ni urithi, mjukuu akichanganya ni uhuni?

Na hapa Uganda, nchi iliyotupokea, wenyewe hawakungoja ruhusa. Ragga Dee alichana ragga kwa Kiganda tangu miaka ya 1990. Jose Chameleone alijenga jina lake kwa nyimbo zenye Kiswahili na Kiganda pamoja. Hao wote mnawapigia makofi. Kijana wa kwetu akifanya vile vile, ati amepotea.

Halafu kuna ile ya bangi: rap inaleta bangi. Mwenye bangi akanywe kwa bangi yake, si kwa wimbo. Kwani kwenye rumba bia haikuwepo?

Sasa tufike penye maumivu. Mwaka jana tuliomba nafasi kwenye sherehe ya Siku ya Wakimbizi, ile ya tarehe 20 Juni. Wimbo wetu ulikuwa juu ya kuvuka Mpondwe usiku, na juu ya dada anayetafuta karo ya shule. Waandaaji hawakuusikiliza hata mstari mmoja. Walituambia tulete ngoma ya asili na tuvae majani, maana wageni watapenda kupiga picha.

Tusieleweke vibaya. Endara na filimbi za eluma tunaziheshimu. Ni za Wakonzo wa upande huu, na Wanande ni ndugu zao. Mto Lhubiriha haujawahi kukata undugu huo. Lakini wengi wetu tulitoka nyumbani tukiwa wadogo na hakuna aliyetukalisha chini kutufundisha. Mzee anayejua kupiga aje atufundishe, mwaka mzima, tutakuja. Kuvalishwa majani dakika kumi mbele ya kamera, halafu kuyavua nyuma ya hema, huo si utamaduni, bana. Hayo ni maonyesho ya watu wengine, sisi tumekodishwa tu. Na hata hatulipwi.

Rap imetushika kwa sababu ina nafasi ya maneno mengi, na sisi tuna mengi ya kusema. Ndani ya dakika tatu unaweza kutaja kijiji ulichokiacha, foleni ya usajili, bei ya chumba hapa mjini na jina la rafiki aliyebaki. Reggae inaweka kituo, watu wapumue. Coco Jamboo ilifurahisha dunia kwa maneno matupu, na hakuna ubaya, furaha nayo ni kazi. Yetu ina maneno yaliyojaa, na ndiyo inayofungiwa mlango.

Basi ombi letu ni hili. Tarehe 20 Juni inayokuja, mutupe dakika kumi kwenye jukwaa, na nguo zetu wenyewe. Mutusikilize kwanza. Mkikataa baada ya kusikia, tutabishana kama watu waliosikilizana. Mkikataa kabla, tutafunga spika yetu barabarani hapa Bwera, na atakayetaka kusikia atasimama.