Baada ya Mafuriko, Nani Anabaki?



Anayesema vijana wa siku hizi hawajitolei hakuwa Mai Mahiu. Tarehe 29 Aprili 2024, maji yaliyojikusanya nyuma ya tuta la reli kule Old Kijabe yalipasua njia usiku, yakaua watu zaidi ya 40. Kulipokucha, vijana walikuwa kwenye matope na majembe. Mwaka 2025 ziwa lilipoingia Kihoto, ni nyinyi mlibeba magodoro na watoto wa watu mabegani. Hilo hakuna wa kutunyang'anya.

Lakini nenda wiki ya sita. Familia bado zimebanana kwenye chumba kimoja cha kukodi, watoto hawana sare, na simu zetu kimya. Anayebisha mlango bado ni mama wa miaka 60 na kikapu chake cha unga.

Mimi sikubali kwamba yeye ana imani kutuliko. Tofauti ni kwamba ana zamu. Jina lake liko kwenye orodha ya kina mama, na asipotokea Jumanne, kuna mtu atampigia kumuuliza kama ni mgonjwa. Wewe unaitwa kwa kundi la WhatsApp la watu 200. Kila mtu anadhani mwenzake ataenda, basi.

Kisha kuna hili la "vijana wanataka pesa". Wazee wetu hulisema kwa kicheko, na mimi linaniudhi. Kijana amemaliza diploma, anasota miaka miwili, akitaka barua ya kuthibitisha kazi aliyofanya au nauli ya kutoka Karagita hadi mjini, kosa liko wapi? Waangalieni wahudumu wa afya wa jamii, wengi wao kina mama, waliozunguka nyumba kwa nyumba miaka mingi bila chochote. Mwaka 2023 serikali ikawapa vifaa na posho ya shilingi 5,000 kwa mwezi. Kuna aliyesema ikhlasi yao imeisha? Nia ni ya moyoni, lakini matatu hailipwi kwa nia.

Wazee nao wana lao, tuseme ukweli. Funguo wanashika wao. Kwenye janaza, kijana anatumwa kuchimba kaburi na kubeba jeneza, lakini mlango wa kuoshea maiti ukifungwa yeye yuko nje. Kuosha maiti ni fardhi kifaya: wakipatikana wa kuifanya, sisi wengine tumesalimika; wakikosekana, dhambi ni yetu sote. Hebu hesabu wanaojua kuosha katika msikiti wako. Sasa hesabu walio chini ya miaka 35. Mimi nilipohesabu wa kwetu, sikuhitaji mkono wa pili.

Kwa hivyo Ijumaa hii, baada ya swala, usiende kuuliza "nisaidie nini?" Utaambiwa tutakuita, na hutaitwa. Mwambie mzee: niandike zamu, siku fulani, jina langu na namba yangu. Mwambie pia kamati itenge nauli, hata ya watu wawili tu. Na dada zangu, nendeni kwa kina mama wanaoosha wanawake. Magoti yao hayainami tena kama zamani, na hawatawaambia.