Tuzo za Chipukizi Zifike Bariadi

Wazee wetu walinena kwamba chanda chema huvikwa pete. Methali hiyo ndiyo msingi wa kila tuzo duniani: mwenye kutenda vyema atambuliwe, apate moyo wa kutenda zaidi, na wenziwe wapate mfano wa kufuata. Lakini methali haikutueleza ni nani mwenye wajibu wa kukitafuta hicho chanda. Leo tunataka kulizungumza jambo hilo, kwa kuwa linatuhusu sisi wananchi wa visiwani, na linawahusu zaidi viongozi waliokabidhiwa dhamana ya utamaduni wa taifa letu.

Tangu mwaka 1998 Zanzibar imekuwa mwenyeji wa Tamasha la Kimataifa la Filamu, linalojulikana pia kuwa ni tamasha la nchi za majahazi. Ngome Kongwe, iliyojengwa kwa ajili ya vita, imegeuka kuwa uwanja wa picha na maneno. Mahali hapo limetolewa Jahazi la Dhahabu kwa filamu zilizo bora kutoka pande nyingi za dunia. Pamoja na zawadi hiyo kubwa imekuwamo pia tuzo ya wakfu uitwao kwa jina la marehemu Emerson Skeens, iliyokusudiwa kuwainua watengenezaji filamu wa hapa nyumbani.

Jambo hili si la Zanzibar peke yake. Huko Ouagadougou, katika tamasha kuu la filamu za Afrika lililoanza mwaka 1969, kwa miaka mingi filamu ya kwanza ya mtengenezaji imetunukiwa tuzo yenye jina la Oumarou Ganda wa Niger. Ganda alikuwa kuli wa bandari ya Abidjan kabla hajasimama mbele ya kamera, na baadaye nyuma yake. Mwaka 1972 filamu yake ilikuwa ya kwanza kupata zawadi kuu ya tamasha hilo. Huko Lagos nako, tuzo za televisheni na filamu zilizoanza mwaka 2013 zina fungu maalumu la chipukizi. Mwaka 2023 fungu hilo lilimwangukia Angel Unigwe wa Nigeria, binti aliyekuwa hajatimiza hata miaka 18. Katika ukumbi huo huo, mwaka 2016, Watanzania wawili, Elizabeth Michael na Single Mtambalike, walirudi nyumbani na ushindi.

Hapa nchini, Bodi ya Filamu ilianzisha Tuzo za Filamu Tanzania mwaka 2021. Kilele cha kwanza kilifanyika Mbeya, na mwaka uliofuata kikafanyika Arusha. Tunaipongeza Bodi kwa uamuzi ule wa kutoka nje ya Dar es Salaam. Umeonyesha kwamba taa za jukwaa zaweza kuwaka mahali popote penye watu na umeme.

Hatuna shaka yoyote juu ya faida ya tuzo. Filamu ya Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya mwandishi wetu Adam Shafi, ilionyeshwa katika tamasha la Toronto mwaka 2021, na mwaka 2022 ikatwaa zawadi kuu ya dhahabu huko Carthage, nchini Tunisia. Wageni waliokuwa wakiijua Zanzibar kwa fukwe na karafuu wakaijua kwa harakati za watu wake, na kwa Kiswahili chake.

Pamoja na hayo yote, tunauliza: je, chipukizi wa nchi hii ni wale tu wanaoweza kufika penye jukwaa?

Tumfikirie kijana wa Bariadi, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu. Ni mtoto wa mkulima wa pamba. Filamu amezionea katika vibanda umiza, akisikiliza sauti ya mtafsiri juu ya maneno ya Wahindi na Wachina. Ana simu ya mkononi, na kwa simu hiyo yeye na wenzake wamerekodi mchezo wa nusu saa kuhusu ugomvi wa mashamba. Watu wa mtaani wameutazama, wamecheka na wamelia. Kisha nini? Kati yake na Dar es Salaam pana safari ya zaidi ya kilomita 1,000 kwa basi, na baada ya basi ipo bahari. Fomu ya kushiriki mashindano aghalabu huwa imeandikwa kwa Kiingereza. Nauli ya kwenda kupeana mikono na waamuzi yaweza kuwa sawa na mapato ya msimu mzima wa baba yake. Kijana huyo hakushindwa na wenziwe, bali hakushindanishwa kabisa.

Asije mtu akadhani kwamba Usukumani hakuna mazoea ya kupima vipaji. Tangu karne ya 19 vyama vya ngoma vya Bagika na Bagalu vimekuwa vikipambana kila baada ya mavuno. Makundi mawili hucheza kwa wakati mmoja katika uwanja mmoja, kila moja upande wake, na umati ndio unaoamua: kundi linalovuta watu wengi ndilo mshindi. Mchezaji asiyebuni jipya huachwa peke yake na vumbi lake. Sisi wa pwani na visiwani hatuna sababu ya kushangaa, kwani nasi tulikuwa na Marini na Arinoti katika beni, na ushindani wa vyama vya taarabu tangu siku za kuasisiwa kwa Akhwan Safaa mwaka 1905. Wapagazi wa Kisukuma na Kinyamwezi waliofika pwani katika karne ile ya 19 walikuja na mizigo na nyimbo, na kurudi nyumbani na mizigo na nyimbo. Kwa hiyo tunapozungumzia Bariadi tunazungumzia jamaa zetu wa zamani.

Wala hatuhitaji kwenda mbali kupata ushahidi kwamba nchi ile huzaa wasanii wa filamu. Marehemu Steven Kanumba, Msukuma, alizaliwa mkoani Shinyanga mwaka 1984, wakati Bariadi ilipokuwa bado sehemu ya mkoa huo. Kipaji chake kilikutana na kamera Dar es Salaam, katika kundi la Kaole, na kutoka hapo akavuka mipaka na kuigiza pamoja na Wanaijeria. Alifariki dunia tarehe 7 Aprili 2012, akiwa na umri wa miaka 28, na maelfu ya watu wakafurika katika viwanja vya Leaders kumuaga. Mwezi mmoja tu kabla ya hapo, Machi 2012, Mkoa wa Simiyu ulikuwa umeundwa. Tunajiuliza ni akina Kanumba wangapi waliobaki nyuma kwa kuwa hawakupata nauli ya kwenda Dar es Salaam.

Hapa ndipo tunapofika kwenye kiini cha hoja yetu. Jambo hili si la burudani tu. Ni suala la nani atakayewasimulia wananchi wa Simiyu.

Ipo katika Wilaya ya Bariadi kamji kadogo ka wakulima na wafugaji kaitwako Gamboshi. Jina hilo limeenea nchi nzima, si kwa pamba wala kwa ng'ombe wake, bali kwa hadithi za uchawi. Wanaozisimulia hadithi hizo, wengi wao hawajapata kukanyaga huko. Mtoto wa Gamboshi akienda shule ya mbali huchekwa kwa jina la kijiji chake. Lau kijana wa huko angepata kamera na jukwaa, angetuonyesha watu wanaoamka alfajiri kwenda kupalilia kama watu wengine wote.

Si hayo tu. Kanda ya Ziwa ina majeraha ya kweli. Akina mama wazee wameuawa kwa kudhaniwa wachawi, eti kwa sababu ya macho mekundu, macho yaliyowekundu kwa moshi wa jikoni walikowapikia watoto wao miaka nenda miaka rudi. Na kuanzia mwaka 2007 hivi, taifa zima lilitiwa aibu na mauaji ya ndugu zetu wenye ualbino. Juu ya msiba huo ilitengenezwa filamu iitwayo White Shadow. Mwaka 2013 filamu hiyo ilishinda huko Venice, Italia, tuzo inayotolewa kwa filamu ya kwanza ya mwongozaji. Mwongozaji huyo, Noaz Deshe, hakuwa Mtanzania. Hatumlaumu hata kidogo, na tunamshukuru kila anayepaza sauti dhidi ya udhalimu. Lakini tunajilaumu sisi wenyewe. Msiba ulikuwa wetu, marehemu walikuwa wetu, na tuzo ya chipukizi iliyotokana na simulizi hilo ilikwenda kwa mgeni, kwa kuwa hatukuwa tumemwandaa mtoto wetu kulisimulia.

Na kuna faida kubwa kuliko tuzo. Mganga mwongo hapingwi kwa waraka wa ofisini peke yake. Hupingwa na sauti inayotoka kijijini, kwa Kisukuma na Kiswahili, kwa sura ambazo watu wanazijua. Filamu ya kijana wa Maswa au Itilima yaweza kufika penye masikio ambayo hotuba haijapata kufika.

Tunajua watakuwapo wa kutuambia kwamba Simiyu inahitaji maji, zahanati na bei nzuri ya pamba kabla ya filamu. Tunakubali kwamba maji hutangulia. Lakini hatukubali kwamba mwananchi anayengoja maji hana haki ya kusema. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilitufundisha kwamba maendeleo ni ya watu, na mtu si tumbo peke yake. Zaidi ya hayo, tunayoyaomba hayahitaji fedha nyingi; yanahitaji nia.

Kwanza, maofisa utamaduni wa wilaya zote tano za Simiyu, yaani Bariadi, Busega, Itilima, Maswa na Meatu, wapewe kazi ya kupokea filamu za vijana kwa niaba ya waandaaji wa tuzo, bila ada, na kwa fomu ya Kiswahili. Zichujwe mkoani mbele ya wananchi wenyewe, kama ngoma za Bagika na Bagalu zinavyopimwa, na atakayeshinda agharamiwe safari. Mpango huo ukifaulu, mikoa mingine ifuate.

Pili, filamu iliyotengenezwa kwa Kisukuma isikataliwe, maadamu ina maandishi ya Kiswahili chini ya picha.

Tatu, zawadi ya chipukizi isiwe kikombe na picha ya gazetini tu. Kikombe hakirekodi. Apewe kamera, au nafasi ya masomo katika chuo chetu cha sanaa cha Bagamoyo, au gharama za filamu yake ya pili. Na baada ya mwaka mmoja aulizwe amefika wapi.

Nne, halmashauri zina wajibu wa kisheria wa kutenga asilimia 10 ya mapato yao ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: asilimia 4 kwa wanawake, asilimia 4 kwa vijana na asilimia 2 kwa watu wenye ulemavu. Fedha hizo zimezoeleka kwenda kwenye bodaboda, mashine za kusaga na ufugaji wa kuku, na hayo ni mema. Kikundi cha vijana wenye kamera nacho ni kikundi cha uzalishaji. Kisirudishwe mlangoni kwa kuambiwa kwamba filamu ni uhuni.

Tano, Bodi ya Filamu iliyokwenda Mbeya na Arusha iifikirie Bariadi. Viwanja vya Nyakabindi vilipokea maonesho ya kitaifa ya Nanenane miaka mitatu mfululizo, kuanzia 2018 hadi 2020. Uwanja uliobeba taifa zima na mifugo yake hautashindwa kubeba wasanii na kitambaa cheupe cha sinema.

Nasi wananchi wa visiwani tuna sehemu yetu. Tuliona televisheni ya rangi mwanzoni mwa miaka ya 1970, wakati ndugu zetu wa Bara waliingojea televisheni yao hadi mwaka 1994. Tamasha letu limepeleka filamu mpaka vijijini, Unguja na Pemba, na watoto wetu wamekaa chini wakatazama ulimwengu bila ya kulipa senti. Aliyetangulia njiani ndiye anayestahili kumngoja mwenziwe na kumshika mkono. Tunawaomba waandaaji wa tamasha watenge siku moja kwa ajili ya chipukizi wa mikoa ya mbali, na sisi wenyeji tujae Ngome Kongwe siku hiyo kama tunavyojaa siku ya wageni mashuhuri.

Viongozi wanaohusika wasituambie kwamba wanangoja vipaji vijitokeze. Vimekwisha kujitokeza, na vipo katika simu za vijana wa Bariadi, vikitazamwa mtaani na kusahaulika mtaani. Chanda chema kipo. Ofisi ndizo zenye pete, na ofisi ndizo zenye magari. Msimu huu wa pamba usipite kabla gari moja halijakwenda.