Woga wa Ngeta: Vile Wakora Wanakupangia Maisha Hata Kabla Wakuguse

Cheki hii picha. Ni saa tatu usiku, umeshuka mathree pale Thika Road na keja yako iko ng'ambo ya pili. Mbele yako kuna daraja la miguu. Ngazi ziko na giza, taa mbili zimeungua, na pale juu kuna vijana watatu wamesimama tu. Hawauzi kitu, hawaendi mahali. Huko chini ni barabara yenyewe, magari yanapita kama yamefukuzwa. Upande daraja ama uruke barabara?

Wacha tuongee ukweli: wasee wengi huruka.

Barabara hiyo ilifunguliwa rasmi 2012, na madaraja yaliwekwa ndio watu wasigongwe. Lakini giza likiingia, kuna daraja zinabaki tupu na wasee wanakimbizana na magari huko chini. Sio eti hawajui gari inaua. Kenya inapoteza zaidi ya watu 4,000 kila mwaka barabarani, na waenda kwa miguu ndio wengi zaidi kwa hiyo hesabu. Shida ni moja: gari haina sura. Mkora ako na sura, ako na mkono, na juzi tu uliskia amepiga mtu wa ploti yenu ngeta.

Sasa fikiria hivi. Labda wale vijana watatu walikuwa wanangojea beste yao ashuke basi. Labda hakuna mtu angeibiwa hapo usiku huo. Lakini wewe tayari umeweka maisha yako mbele ya lori. Mkora amekuharibia na hata hakuwa hapo.

Na sio sisi tu. Marekani, baada ya mashambulizi ya Septemba 11, 2001, watu wengi waliogopa ndege wakaanza kusafiri na magari yao. Watafiti walipokaa chini kupiga hesabu, walipata vifo vya barabarani vilipanda miezi iliyofuata. Woga hautoi hatari. Mara nyingi unaihamisha tu kutoka penye unaiona hadi penye huioni.

Kuibiwa ni mara moja, kuogopa ni kila siku

Kama umewahi kusanywa, unajua simu sio kitu kikubwa ulichopoteza. Simu utanunua ingine, hata kama ni kwa kulipa pole pole. Kitu hairudi haraka ni ile amani. Miezi mitatu baadaye bado nduthi ikipunguza mwendo nyuma yako unashika mfuko. Mtu akikuuliza saa, unarudi nyuma hatua mbili. Unaanza kukataa mipango ya jioni na unaambia mabeste uko na kazi.

Halafu kuna wale hawajawahi kuguswa lakini wanaishi kama wameguswa. Hawa ndio wengi. Jirani mmoja akiporwa saa kumi na moja asubuhi akienda job, kufika saa nne ploti nzima imejua. Saa sita iko kwa grupu ya WhatsApp ya mtaa. Jioni iko TikTok na muziki wa kutisha juu. Na klipu haina tarehe. Ile ya kamera za CCTV ya mwaka juzi inarudi leo ikiwa na maneno mapya, na wewe unaamini imetokea jana hapo kwenu. Mtu mmoja ameibiwa mara moja, lakini watu elfu moja wamebadilisha njia ya kwenda home.

Bill ya woga unalipa wewe

Hebu hesabu mambo unafanya juu ya woga, hadi umesahau ni woga. Unabeba kabambe ukienda mahali usiku na simu kubwa inabaki kwa keja. Kwa mathree unafunga dirisha hata jua likiwa linachoma, juu kwa jam mkono unaweza kuingia na simu ikaenda. Unalipa teksi kwa safari ya dakika kumi kwa miguu. Kwa klabu, wanaume wameshika glasi kama mtoto mchanga wakiogopa kuwekewa mchele. Madem wanatumiana namba ya gari na lokesheni, halafu hakuna anayelala hadi wa mwisho aandike "nimefika".

Zote ni akili, hakuna ujinga hapo. Lakini kila moja iko na bei. Mtu analipwa siku kwa siku akiongeza nauli ya kuogopa asubuhi na jioni, mwisho wa mwezi hiyo ni pesa ya chakula. Kuna mtu ameacha kazi ya shifti ya usiku juu njia ya kurudi ilimshinda. Kuna mwanafunzi ameacha darasa la jioni. Hao hawaandikwi kwa OB popote, juu hakuna mtu amewaibia kitu.

Na wakora nao wanasoma. M-Pesa ilipoingia 2007, wasee walishukuru: hakuna haja ya kutembea na noti. Sawa, noti zilitoka kwa mfuko. Lakini pesa ilihamia kwa simu, na mkora akahama nayo. Siku hizi hachukui simu tu, anakushikilia hadi utaje PIN. Akimaliza salio, anavuta Fuliza, na deni linabaki kwa jina lako.

Mtaa ukinyamaza, mkora anafurahi

Hapa ndio pale mambo yanageuka. Kuna mwandishi wa Marekani anaitwa Jane Jacobs aliandika 1961 kwamba barabara haichungwi na polisi pekee. Inachungwa na macho ya watu: mwenye duka, mzee amekaa nje, mama anaita watoto. Huhitaji kwenda New York kuona hiyo. Angalia kona yenu.

Pale kona kuna mama wa chapo, jamaa wa smokie, fundi wa viatu na kijana wa M-Pesa. Wakiwa hapo hadi saa nne usiku, mkora anapita mbio. Sasa watu wakianza kuogopa, wanafika home mapema na hawasimami kununua. Mama wa chapo anaona hauzi kitu baada ya saa mbili, anafunga. Jamaa wa smokie anamfuata. Kona inabaki giza na kimya, na hapo ndio mkora anapata ofisi. Mtu anaporwa, woga unapanda, na hata wa M-Pesa anafunga saa kumi na mbili. Umeona vile gurudumu linazunguka?

Ama cheki mageti. Buruburu ilijengwa kuanzia miaka ya 70, nyumba zimezunguka uwanja, watoto wanacheza pamoja. Leo kuna geti, kuna soja, kuna kitabu cha kuandika jina. Ndani pengine kuko salama kiasi. Lakini barabara ya nje sasa ni ukuta pande zote mbili, haina dirisha linaangalia, na wewe lazima uipite kufika hilo geti. Serikali ilileta Nyumba Kumi 2013 ndio majirani wajuane. Wengi wetu hatujui hata jina la mtu wa mlango wa pili. Tunamjua kwa sauti ya redio yake.

Woga huangalia upande moja

Kitu ingine: woga hauna macho mazuri. Watafiti wa nchi kama Uingereza, ambako walianza kuuliza raia kuhusu uhalifu kwa surveyi kubwa tangu 1982, walikutana na fumbo. Wanawake na wazee ndio walisema wanaogopa zaidi barabarani. Lakini wenye walikuwa wanapigwa na kuporwa sana huko nje walikuwa vijana wanaume. Wale wale wanasema "mimi siogopi mtu".

Usikimbie kusema eti wanawake wanaogopa bure. Mwanamke haogopi kupoteza simu pekee. Anajua wizi unaweza kugeuka kitu kingine kibaya zaidi, na amekuwa akitupiwa maneno na kushikwa mkono tangu akiwa mtoto wa shule. Woga wake uko na historia.

Lakini Januari 27, 2024, wanawake walipojaza barabara za Nairobi na miji mingine wakipinga mauaji ya wanawake, kulikuwa na ukweli mchungu ndani ya hiyo maandamano. Wengi wa wanaouawa wanauawa na watu wanaowajua: mume, boyfriend, mtu wa familia. Tunafundisha madem kuogopa stranger wa kwa giza, na ni sawa, lakini hatari kubwa saa zingine iko na ufunguo wa nyumba. Rafiki yako akikuambia "huyu jamaa ananitishia", usimwambie avumilie. Hiyo ni ripoti ya uhalifu kama zile zingine.

Mwisho wa woga ni damu

Sasa tuingie pale pagumu. Mtaa ukichoka kuogopa, unataka mtu alipe. Mtu anapiga nduru "mwizi!" na kabla ujue ni nani ameiba nini, mawe yameanza. Nani aliuliza swali? Hakuna. Watu wanapiga woga wao wote wa mwaka mzima kwa mwili ya mtu mmoja.

Na karao akifanya hivyo, tunashangilia. Unakumbuka klipu ya Eastleigh ya 2017, polisi akipiga kijana risasi mchana, watu wamezunguka? Kenya iligawanyika. Wengine walisema huo ni uuaji. Wengine, tena wengi, waliandika "asante". Walioandika hivyo hawakuwa mashetani. Walikuwa watu wamechoka kuporwa. Lakini kuchoka sio korti.

Mwaka wa 2022, mwezi wa kumi, kikosi cha DCI kilichoitwa SSU kilivunjwa baada ya tuhuma za kupoteza na kuua watu, ikiwemo wageni wawili kutoka India na dereva wao wa teksi. Angalia vile mambo yalienda: ukikubali mtu auliwe bila kesi juu ni mwizi, umekubali pia mtu mwingine aamue mwizi ni nani.

Na hapo ndio wewe unaingia. Wewe mwenye rasta. Wewe mwenye hudi nyeusi, unatoka Mathare ama Kayole ama Kisauni, unatembea haraka juu umechelewa. Usiku huo unaogopa kuporwa, mama wa mbele yako anakuogopa wewe, na karao wa kona anawashuku nyote. Wale vijana watatu wa daraja? Kwa macho ya mtu mwingine, wewe ndio huyo wa nne.

Si useme tufanye nini

Kujifungia hakutoshi, na kuua hakujawahi maliza wizi. Lakini kuna vitu.

Ya kwanza ni taa. Wakati zile taa ndefu za mulika mwizi zilianza kusimamishwa mitaani, biashara za usiku zilipata pumzi. Taa ikiungua, ni haki yako kusumbua. MCA anajulikana, na ofisi ya kaunti iko. Watu hamsini wakipiga kelele juu ya taa moja, hiyo ni kazi kuliko klipu hamsini za kutisha.

Ya pili inauma: soko. Simu yako iliyoibiwa lazima inunuliwe na mtu. Mtu huyo ni mimi na wewe, tukiona simu ya elfu thelathini inauzwa elfu nane na hatuulizi. Kifungu 322 cha Kanuni ya Adhabu kinasema kushika mali ya wizi kunaweza kukupeleka ndani hadi miaka 14. Uliza risiti, bonyeza *#06# na ulinganishe namba na ya kwa boksi. Muuzaji akianza hadithi, hepa. Kila simu ya bei ya kutupa ni mtu alipigwa ngeta mahali.

Ya tatu, weka PIN kwa laini yenyewe, sio kwa simu pekee. Ukiporwa, funga laini na pesa kwanza, kulia baadaye. Halafu enda uripoti upate namba ya OB na abstract. Najua unasema haisaidii. Lakini penye hakuna ripoti, kwa makaratasi kona yenu ni salama, na hakuna mtu ataleta gari ya doria mahali salama.

Ya nne ni ndogo kabisa: acha kuuliza aliyeibiwa "na ulikuwa unafanya nini huko saa hiyo?" Alikuwa anarudi nyumbani. Hilo swali ndio linafanya watu wanyamaze.

Na kesho saa tatu usiku ukifika pale chini ya daraja, usiruke barabara. Ngojea. Basi ijayo itashusha watu wawili, watatu. Waambie tu, "twende pamoja?" Utashangaa vile watashukuru. Wao pia walikuwa wamesimama hapo wakiangalia juu, wakipiga hesabu ile ile.